Kosa la asilimia: hesabu ya sokoni ndani ya kaye ya mtoto

Juma hili tunapenda kuzungumza juu ya somo moja ambalo watoto wa darasa la 7 na la 8 wanaleta nyumbani, na ambalo linawafanya wazazi wengi wafunge kaye upesi na kusema: "Nenda umuulize mwalimu wako, mimi sikusoma mambo hayo." Somo lenyewe linaitwa kosa la asilimia. Ndani ya kaye mtaliona limeandikwa kwa Kifaransa, erreur relative, pamoja na herufi, mistari ya kugawa na ile alama ya %.

Sisi tunaofundisha hesabu tunawaambia wazi kwamba katika masomo yote ya darasa la 7, hili ndilo mama wa soko analijua zaidi. Kila siku analifanya bila kalamu. Anapoinua fungu la ndizi na kusema "hizi hazifiki kilo 5", anakadiria. Anapozipima na kukuta ni kilo 4 na nusu, anaona tofauti. Na anapojiuliza kama tofauti hiyo ni kubwa au ndogo, tayari yuko katikati ya somo la mtoto wake. Kinachomzuia ni Kifaransa cha kaye.

Hatua tatu

Tuanze na sukari. Mama amenunua sukari iliyofungwa, akaambiwa ni kilo 1, maana yake gramu 1 000. Amefika nyumbani, amepima kwa mizani nzuri, amekuta gramu 950. Kilichosemwa ni 1 000, kilicho kweli ni 950. Mtoto anafanya hivi:

Hatua ya kwanza, anatafuta tofauti: 1 000 kutoa 950, inabaki 50.

Hatua ya pili, anagawa tofauti hiyo kwa kiasi cha kweli: 50 gawa kwa 950, anapata karibu 0,053.

Hatua ya tatu, anazidisha mara 100: anapata 5,3. Kosa ni asilimia 5,3.

Sasa mama huyo huyo amenunua gunia lililosemwa kuwa kilo 50. Amepima, nalo limepungua gramu 50, zile zile 50 za sukari. Kiasi cha kweli ni gramu 49 950. Tukigawa 50 kwa 49 950 na kuzidisha mara 100, tunapata 0,1 tu. Gramu ni zile zile, lakini kwenye sukari zinauma, na kwenye gunia hakuna atakayegombana juu yake. Ndiyo sababu walimu hawaridhiki mtoto akiandika tu "kosa ni gramu 50". Tunamuuliza: gramu 50 ndani ya nini? Asilimia inajibu swali hilo.

Mahali watoto wanateleza

Mkikaa karibu na mtoto anapofanya mazoezi, angalieni sana hatua ya pili. Hapo ndipo alama nyingi zinapotea. Mtoto ana namba mbili mkononi, iliyosemwa na ya kweli, naye hajui agawe kwa ipi. Wengi wanachukua ile iliyo kubwa, kwa sababu walizoea tangu darasa la 3 kwamba namba kubwa inakaa chini.

Tuchukue mfano. Ubao una urefu wa sentimita 20, lakini mtoto amekadiria 25. Tofauti ni 5. Akigawa kwa 20, ambayo ni ya kweli, anapata asilimia 25. Akigawa kwa 25 anapata asilimia 20. Majibu mawili tofauti kutoka kwa ubao mmoja! Sheria ya kumkumbusha ni fupi: tunagawa kwa ukweli. Hata kama hujui Kifaransa, mama, unaweza kumuuliza mtoto wako: "Katika namba hizi mbili, ya kweli ni ipi?" Akijibu vizuri, kazi kubwa imekwisha.

Mitego mingine ni midogo. Kuna kuchanganya kilo na gramu: mtoto anatoa gramu 950 kwenye kilo 1, anapata jambo la ajabu. Mwambie aweke vyote katika kipimo kimoja kwanza. Kuna kusahau kuzidisha mara 100, akaandika 0,053 kama jibu. Na kuna simu. Watoto wengi wanahesabu kwa simu ya mzazi, wanabonyeza alama ya % bila kujua simu inafanya nini, wanapata namba na kuiandika bila kuitazama. Mzoeze mtoto akadirie kwanza kwa kichwa: 50 ndani ya karibu 1 000 ni kama 5 ndani ya 100. Basi simu ikimwambia 53 au 0,5 atajua kwamba amebonyeza vibaya.

Neno lenyewe, kosa

Kuna shida nyingine ambayo haiko ndani ya namba. Iko ndani ya neno. Katika Kiswahili chetu, kosa ni jambo la kuombea msamaha. Mtoto aliyekosa anaadhibiwa. Mtu aliyemkosea jirani anakwenda kumwomba radhi. Ndiyo maana tunapoandika "kosa" ubaoni, watoto wanaogopa.

Siku moja tuliwapa watoto wa darasa la 7 kazi ya kupima meza kwa kutumia kamba na rula za sentimita 30. Seremala aliyeitengeneza alikuwa ametuambia kwamba ni sentimita 120. Kikundi kimoja kilipata 126. Kikundi kingine kilipata 117. Tulipopita nyuma yao tuliona wale wa 117 wamefuta, wameandika 120 kamili. Tukawauliza kwa nini. Mtoto mmoja akajibu kwa sauti ndogo: "Mwalimu, tuliogopa kosa."

Pale ISP tulifundishwa namna ya kupanga somo na namna ya kuandika ubaoni, lakini jibu la mtoto yule lilitufundisha kitu kingine. Watoto wale walikuwa wamepima vizuri. Tofauti ya sentimita 3 juu ya 120 ni asilimia 2 na nusu, na kwa kamba na rula fupi hiyo ni kazi ya kusifiwa. Walichokiharibu ni kufuta. Kipimo chochote duniani kina kosa lake kidogo, hata cha seremala, hata cha daktari. Rula inateleza, kamba inavutika, jicho linatazama kwa upande. Kosa la namna hiyo si dhambi. Dhambi ni kubadilisha namba kusudi ifanane na ile inayotakiwa.

Tunawaomba wamama mtusaidie hapo. Mtoto akirudi kutoka kupima mafuta au kuhesabu feza za mauzo, naye amepata namba ambayo hamkuitazamia, msianze kwa kumfokea. Muulizeni kwanza alipima namna gani. Mtoto anayepigwa kwa sababu ya kila namba isiyofaa atajifunza upesi kuleta namba zinazofaa, na siku moja namba hizo nzuri zitawafilisi.

Gunia la maharagi

Shuleni tunatupa alama ya kutoa. Iwe imezidi au imepungua, tunaandika tofauti peke yake. Sokoni alama hiyo haitupwi hata kidogo, maana ndiyo inasema nani anapoteza na nani anapata.

Tulikuwa na msichana wa darasa la 8 ambaye mama yake aliuza maharagi Kadutu. Mama alinunua gunia kwa mtu wa jumla, likihesabiwa kuwa kilo 100, naye aliuza kilo moja moja. Baba alikuwa mbali, na feza za masomo zilikuwa ngumu. Mama alikuwa amekwisha kusema kwamba msichana angeishia darasa la 8, kisha angekuja kumsaidia sokoni, maana biashara ilikuwa haiendi naye hakujua sababu.

Tulipofika kwenye somo hili, tuliwapa watoto kazi ya kupima kitu chochote cha nyumbani. Msichana yule alichagua gunia. Kila jioni aliandika ndani ya kaye kilo zilizouzwa. Aliandika pia zile zilizopikwa nyumbani, na mawe na maharagi yaliyooza yaliyochambuliwa. Gunia lilipokwisha alijumlisha: 90 zilizouzwa, 3 zilizoliwa, 1 ya mawe na uozo. Jumla ni 94. Kilichosemwa ni 100, kilicho kweli ni 94. Akagawa 6 kwa 94, akapata asilimia 6,4.

Darasa zima lilibishana naye. Wengine walisema ni 6 kamili, kwa sababu gunia ni la 100. Lakini 100 lilikuwa neno la muuzaji tu. Maharagi yenyewe yalisema 94.

Mama alipoambiwa, hakushtuka. Alisema kilo 6 ni nini ndani ya gunia zima. Ndipo tulipokaa na msichana tukafanya hesabu ya pili. Bei tunazoziandika hapa tumezirahisisha kusudi kila mmoja afuate. Tuseme gunia linanunuliwa faranga 170 000, na kilo inauzwa 2 000. Kama gunia lina kilo 100, mauzo ni 200 000 na faida ni 30 000. Kama lina kilo 94, hata zikiuzwa zote bila kupika hata moja, mauzo ni 188 000 na faida ni 18 000. Zimepotea 12 000. Gawa 12 000 kwa 30 000 ambazo mama alizitegemea, zidisha mara 100: ni asilimia 40.

Someni tena hapo, wamama. Gunia limepungua karibu 6 kwa mia, na faida imepungua 40 kwa mia. Hakuna uchawi. Mtaji hauguswi na kilo zilizokosekana, kwa sababu muuzaji wa jumla amekwisha kulipwa zote 100. Kilo 6 zote zinatoka ndani ya sehemu ya mama. Yule anayefanya biashara ya faida ndogo, kosa dogo la mizani linamla zaidi kuliko tajiri.

Mama yule alianza kupima gunia mbele ya muuzaji kabla ya kulipa. Muuzaji alikasirika, akasema wameuziana miaka mingi bila mizani. Mama aliungana na wenzake wawili, wakachanga wakanunua mizani moja, wakaenda kwa mwingine aliyekubali kupima. Hatuwezi kusema kwamba feza zote za masomo zilitoka ndani ya zile kilo. Tunachojua ni kwamba msichana alifanya mtihani wa mwisho wa darasa la 8, na kwamba mama yake hakusema tena kwamba masomo ya hesabu hayana kazi nyumbani.

Asilimia ndogo, hatari kubwa

Lazima tuseme pia upande wa pili, maana mtoto anaweza kudhani kwamba asilimia ndogo ni kosa dogo daima. Si hivyo.

Mnajua ule utepe wa rangi tatu ambao wahudumu wa afya wanazungusha kwenye mkono wa mtoto mwenye miezi 6 hadi 59. Mkono usiofika milimita 115 unaangukia kwenye nyekundu: mtoto ana utapiamlo mkali, apelekwe kutibiwa mara moja. Kuanzia 115 mpaka chini ya 125 ni njano. Kuanzia 125 ni kijani.

Sasa tuseme mkono wa mtoto ni milimita 112 kweli. Utepe haukukazwa vizuri, umesomeka 117. Tofauti ni 5. Gawa kwa 112, zidisha mara 100: ni karibu asilimia 4 na nusu. Kwa sukari ile ya mwanzo tungesema ni kosa dogo kuliko la muuzaji. Lakini hapa mtoto ametoka kwenye nyekundu akaingia kwenye njano, na dawa na chakula ambavyo angepewa leo vinaweza kumpita.

Basi tunawafundisha watoto maswali mawili. La kwanza: kosa ni asilimia ngapi? La pili: namba hii inakata shauri gani? Kama iko mbali na mpaka, kosa dogo halibadilishi kitu. Kama iko karibu na mpaka, pima tena. Mama akiona utepe umesomeka 116 au 117, ana haki ya kusema kwa adabu: "Tafadhali, tupime mara nyingine." Kupima mara ya pili hakumdharau mhudumu. Hata wenye elimu kubwa wanapima mara tatu.

Kupima mizani yenyewe

Mama mmoja wa kikundi alituuliza: ukweli tutaujuaje, kama mizani yenyewe inadanganya? Hilo ni swali zuri kuliko mengi tunayoyasikia darasani. Jibu liko ndani ya maji. Lita 1 ya maji safi ina uzito wa kilo 1. Chukua chupa ya maji ya lita 1,5 ambayo haijafunguliwa, iweke juu ya mizani. Inapaswa kusoma kilo 1,5 na kidogo sana juu yake, kwa sababu chupa tupu ni nyepesi. Ikisoma 1,7, tofauti ni 0,2. Gawa kwa 1,5, zidisha mara 100: mizani ile inaongeza karibu asilimia 13. Ukinunua hapo, unalipia uzito usiokuwapo.

Lakini muwe waangalifu. Jaribio hili linafaa maji tu. Mafuta ya mawese ni mepesi kuliko maji. Lita 1 yake haifiki kilo 1. Anayejaribu mizani kwa kidumu cha mafuta atamshtaki muuzaji asiye na hatia.

Kazi ya juma hili

Mkikutana kwenye kikundi, jaribuni jambo hili pamoja na watoto wenu wa darasa la 7 na la 8. Kila mama akadirie uzito wa kitu kimoja: fungu la sombe, mfuko wa makala, kuku. Mtoto aandike makadirio ya kila mama. Kisha pimeni. Mtoto afanye hatua tatu mbele ya wote na aeleze kwa Kiswahili, si kwa Kifaransa. Mwenye asilimia ndogo apigiwe makofi. Mtashangaa kuona kwamba wale waliouza miaka kumi mara nyingi wanawashinda walimu, sisi wenyewe tukiwamo.

Mtoto anayeeleza kwa lugha ya mama yake anaelewa mara mbili. Na mama anayeona kwamba mtoto wake, hasa msichana, anaweza kupata kilo 6 zilizopotea, anafikiri tena kabla ya kusema masomo yaishie hapo. Shule ya msingi ya serikali ni ya bure tangu 2019, lakini darasa la 7 na la 8 wazazi wengi bado wanatoa feza, na katika madarasa yetu hapo ndipo tunaona viti vya wasichana vikibaki tupu. Sisi hatuna feza za kuwapa. Tunachoweza ni kuwaonyesha kwamba yale wanayojifunza yanarudi nyumbani.

Leteni majibu yenu kwenye mkutano ujao, na namba zenu za kweli, hata kama ni mbaya. Msifute kitu.